Kabla hujafuta gemu, kagua BIOS

Ndugu Mhariri,

Wapenzi wengi wa gemu za PlayStation ya kwanza hufuta gemu nzima kwa kosa lisilo lake. Skrini ikibaki nyeusi kwenye RetroArch, programu inayoendesha emuleta (yaani programu zinazoiga konsoli), lawama huangukia simu au diski. Kabla ya yote, kagua BIOS, yaani programu iliyomo kwenye chipu ya konsoli, inayoamka kwanza, kuisoma diski na kusimamia memori kadi.

Beetle PSX, emuleta ya PlayStation ndani ya RetroArch, huchagua faili la BIOS kulingana na kanda ya diski: scph5500.bin kwa Japani, scph5501.bin kwa Marekani, scph5502.bin kwa Ulaya. Yakae ndani ya folda ya RetroArch iitwayo system, yakiwa yametolewa kwenye zip. Herufi za jina ziwe ndogo, maana Linux hutofautisha kubwa na ndogo. Windows nayo huweza kuficha .bin ya mwisho: unaona scph5501.bin, kumbe jina kamili ni scph5501.bin.bin, na emuleta hailioni kamwe.

Wapo wanaoshauri uchukue faili lolote na kulibadilisha jina. Ushauri huo unapotosha watu. Jina likibadilika, kilichomo ndani hakibadiliki; gemu ya Marekani itapewa programu ya Ulaya. Pima. Faili zima lina baiti 524,288, hakuna pungufu wala ziada. Kisha kwenye Windows, katika dirisha la amri, andika certutil -hashfile scph5501.bin MD5; MD5 ni kama alama ya kidole ya faili. Jibu liwe 490f666e1afb15b7362b406ed1cea246. Herufi moja ikitofautiana, hilo silo faili unalolitafuta.

PCSX ReARMed, emuleta nyingine ya PlayStation, ina BIOS mbadala ya kwake, na gemu nyingi huwaka nayo. Lakini baadhi hukwama, au hukataa kusevu kwenye memori kadi, na hapo ndipo BIOS halisi inapohitajika.

Ipatikane wapi? Kwenye konsoli yako mwenyewe. Mwaka 2000 mahakama ya rufaa ya Marekani, katika kesi ya Sony na Connectix, ilikubali kuichambua BIOS ili kutengeneza emuleta. Haikuruhusu kuigawa ovyo, kwani hakimiliki ni ya Sony. Unirom, programu inayoendeshwa kwenye konsoli yenyewe, ikishawaka, unganisha waya wa siriali na kompyuta, unakili kuanzia anwani BFC00000, urefu 80000 kwa heksadesimali (hesabu ya msingi wa 16), ambazo ndizo baiti zile 524,288. Mwenye PSone, ile ndogo yenye kona za mviringo, asihangaike kununua waya huo: tundu la siriali liliondolewa.

Wasalaam,
Msomaji wenu