Taarifa ya mwenyekiti wa chama cha wahakiki wa filamu kwa wanachama: mwaka huu, tuzo zetu na ile iliyokosa mshindi

Wanachama wenzangu wa Arusha na Moshi, na nyie wa Babati ambao kila kikao mnafika chai imeshapoa, shikamooni wakubwa, wengine mambo. Taarifa ya mwaka jana iliandikwa kiofisi ofisi na nadhani aliyeisoma mpaka mwisho ni katibu aliyeichapa, kwahiyo hii naongea tu kama tunavyoongeaga.

Naanza na ishu iliyofanya baadhi yenu mninunie mpaka leo, kwanini tuzo ya sauti bora ya filamu hatukumpa mtu. Stori za mtaani zinasema kamati ina chuki na watu flani. Hakuna kitu kama hicho. Siku ya kura, kabla hatujagawa karatasi, niliuliza nani kaziangalia filamu zote zilizofika fainali mpaka mwisho, mikono ikanyanyuka ya kuhesabu, alafu kati ya hao hao wapo waliosema waliangalia kwenye simu wakiwa ndani ya Coaster wanatoka Moshi. Sasa jamani sauti ya filamu unaihukumu vipi kwa spika ya simu, konda anagonga bodi, jirani yako anagombana na shemeji yake? Tukakisimamisha hicho kipengele, tukafunga spika kubwa ukumbini, tukaziangalia upya zile mbili zilizokuwa zinaongoza.

Ya kwanza, ile ya ndugu wanaogombania kihamba, yani shamba la ukoo la Wachaga, karibu wote mnaipenda na mimi naipenda, yule mama anaigiza mpaka unasahau kama anaigiza. Lakini tukafika kwenye sini ya jikoni. Mama anaongea, nje jogoo anaanza kuwika, kamera ikihamia kwa kijana jogoo kakatwa katikati ya sauti na upepo wa migombani nao kimya, kamera ikirudi kwa mama upepo upo ila jogoo katoweka, na ivo ivo sini nzima, upepo unawaka na kuzima kama taa mbovu. Ukumbi ulianza kucheka sehemu ambayo mtu analia. Hawakurekodi ile sauti tupu ya eneo, yani watu wote mnanyamaza hata dakika moja fundi anachukua mazingira peke yake, ndo inayokuja kuziba viraka kwa mhariri. Haina gharama yoyote! Ya pili ilikuwa muziki mwanzo mwisho, mtu anafiwa muziki, mtu anafungua geti muziki, hata kujua kama walirekodi chochote huwezi. Tukapiga kura hakuna iliyovuka nusu, tukarudia, vilevile. Katiba yetu inaruhusu kipengele kukaa bila mshindi na mimi naona ni afadhali hivyo kuliko kugawa cheti ambacho fundi sauti yeyote akikiona ukutani kwa mtu atauliza kimetolewa na nani.

Wengine mmeuliza haya mahesabu ya kura tumeyatoa wapi. Tumeiga kwa waliotangulia. Marekani wahakiki wa New York wana chama chao tangu 1935, wa Los Angeles tangu 1975, na kile cha kitaifa, National Society of Film Critics cha 1966, ndo tulichokiangalia zaidi. Kila mpiga kura anaandika majina matatu, wa kwanza anapata pointi 3, wa pili 2, wa tatu 1, na mshindi lazima awe na pointi nyingi na pia awe ametajwa kwenye zaidi ya nusu ya karatasi. Hicho kipande cha mwisho ndo dawa yenyewe. Bila hicho, watu wachache waliokaa meza moja wanapanga kumpa mtu wao 3, 3, 3 na anapita wakati ukumbi mwingine wote hata haujamwandika. Kura za mlioagiza wenzenu wawapigie zinahesabika raundi ya kwanza tu, ikienda ya pili ni waliopo. Najua Babati hamkuipenda hii. Wahini gari.

Kuziona filamu zenyewe nako sio mchezo, nakubali. Ile filamu ya Zanzibar, Vuta N'kuvute, ilipokwenda tamasha la Toronto mwaka 2021 kuna watu humu walibishana juu yake wiki nzima na wote walikuwa wameona trela tu. Kwenye vibanda umiza ni mpira na za kutafsiriwa, hapo usitegemee kitu. Ndo maana tulianza zile Jumamosi za kuangalia pamoja na mnijibu kweli, ndo kitu kizuri kuliko vyote tulivyofanya mwaka huu, kuliko hata usiku wa tuzo. Moja tu iliharibika, tulishaitangaza filamu, watu wamefika na watoto wao, kumbe mwenye filamu hajaipeleka Bodi ya Filamu. Sheria ya mwaka 1976 iko wazi, hakuna kuonesha hadharani kitu ambacho hakijakaguliwa na kupewa daraja. Tuliwarudisha watu nyumbani. Kuanzia sasa hatutangazi mpaka mwenye filamu atuoneshe cheti.

Alafu hii ya nauli. Kuna watayarishaji wanawatumia wahakiki hela kwenye simu siku moja kabla ya kura, wanaita nauli, na mtu anayekaa Sakina anapokea nauli ya kuja Kaloleni, hapa hapa Arusha, ambayo ingemfikisha Dodoma. Hapana. Nauli ya mwanachama inatoka kwenye chama, ikikosekana tunatembea. Waliopokea wanajijua, wawili walirudisha na nawashukuru, waliobaki kamati imewatoa kwenye kupiga kura msimu ujao. Mtaani wanatuita machawa na kwa mwendo ule walikuwa na haki ya kutuita.

Kuhusu filamu zenyewe za kanda yetu niseme moja la moyoni, droni zimezidi. John Wayne alikuja kukimbiza vifaru huku kwenye Hatari! ya 1962, na tangu hapo Arusha imezoeleka kuwa mandhari ya stori za watu wengine, sasa na sisi wenyewe tunajipiga kama watalii. Filamu ni ya mgogoro wa ndoa Ngarenaro inafungua na Mlima Meru kutoka juu, mawingu, jua linachomoza. Mlima unahusikaje na hawara wa huyo baba?

Ndo maana filamu fupi bora ilikwenda pale ilipokwenda, kwa yule binti wa Moshi, na kwa kura za raundi ya kwanza kabisa. Dakika kumi na kitu, mama mmoja anafungua belo la mitumba sokoni Kiborloni alfajiri kwa tochi. Kisu kinakata ule mkanda, nguo zinafumuka kama zilikuwa zimebana pumzi, mikono ya wateja inaingia kutoka pande zote na kamera haiondoki kwenye uso wa mama, unaona anavyohesabu kimoyomoyo kama belo ni la hela au amepigwa. Hakuna muziki hata kidogo. Mzee mmoja wa chama, hajawahi kusifia kitu tangu nimfahamu, aliomba irudiwe.

Kwenye uandishi bado. Mapitio mengi mnayoleta ni kusimulia stori mpaka mwisho alafu mstari mmoja wa "waigizaji wamejitahidi". Stori mtu ataiona mwenyewe. Mwambie kamera ilikaa wapi na kwanini, mwambie taa, mwambie mhariri alikata wapi na angesubiri kidogo ingekuwaje.

Hela sitasema mengi, mweka hazina ataleta karatasi zake kwenye mkutano, ila ada haijalipwa na wengi na ukumbi tumeulipia kwa kuchangishana. Mweka hazina mwenyewe anaacha nafasi kwasababu anahamia Tanga, kwahiyo mje na jina la mtu anayejua hesabu na asiyeona aibu kudai. Vyeti vya ambao hawakuja usiku wa tuzo viko kwa katibu, pigeni simu kabla ya kwenda maana anafungaga mapema.