Tuzilete pointi za tenisi Kisumu

Kwa Mhariri,

Mwezi Julai 2022, Angella Okutoyi alipotwaa taji la chipukizi la Wimbledon kwa wasichana wawili kila upande akishirikiana na Rose Marie Nijkamp wa Uholanzi, hapa Kisumu hata wahudumu wa bodaboda ambao hawajawahi kushika raketi walilijua jina lake. Ni jina ambalo si geni masikioni mwa watu wa magharibi mwa Kenya, na pengine ndiyo sababu tulimkumbatia upesi kama binti wa nyumbani, ingawa alizaliwa Nairobi na kulelewa huko na nyanya yake baada ya mama kufariki akijifungua pacha. Shangwe zile zilizimika kabla ya mwezi mwingine kuandama. Tangu wakati huo tunamsoma gazetini akishinda, kisha kimya, na mara nyingi nimeulizwa, kwa kuwa watu wanajua niliwahi kufundisha mchezo huo: "Mwalimu, yule msichana wa tenisi aliishia wapi?"

Hakuishia popote. Mwezi Machi 2024 alishinda dhahabu ya wanawake, mchezaji mmoja kila upande, katika Michezo ya Afrika jijini Accra, na Januari mwaka huohuo alikuwa amejiunga na Chuo Kikuu cha Auburn, jimboni Alabama nchini Marekani, kusoma na kuichezea timu yake. Swali lenyewe ndilo linalonisumbua, kwa sababu linaonyesha kwamba wengi wetu tunadhani maisha ya mchezaji wa tenisi wa kulipwa ni kutoka kombe moja hadi jingine, ilhali sehemu yake kubwa hupita katika miji ambayo hakuna mpiga picha anayefika, mbele ya watazamaji wanaohesabika kwa vidole vya mikono miwili.

Hebu tuitazame tena fainali ile ya Wimbledon. Okutoyi na Nijkamp walipoteza seti ya kwanza 3-6, wakaitwaa ya pili 6-4, wakamaliza kwa 11-9 katika pointi za kuamua mshindi, zinazochezwa badala ya seti ya tatu. Waliokuwa ng'ambo ya pili ya wavu ni Kayla Cross na Victoria Mboko, wote wa Kanada. Mboko, ambaye wazazi wake walitoka Kongo, alikuwa na umri wa miaka 15. Mwezi Agosti 2025, kabla hajatimiza miaka 19, binti huyohuyo alishinda mashindano makubwa ya Montreal kwa kumlaza Naomi Osaka, bingwa mara 4 wa Grand Slam, yaani mashindano manne makuu ya tenisi duniani, kwa seti za 2-6, 6-4, 6-1, na njiani alikuwa amewang'oa Coco Gauff na Elena Rybakina. Mwaka huo aliuanza akiwa nje ya wachezaji 300 bora duniani.

Sidai kwamba Okutoyi angekuwa amefika hapo. Mechi ya wawili wawili si mizani ya kumpima mchezaji peke yake, na Mboko ana mkono mzito ambao haukutengenezwa na fedha. Hata hivyo, pointi zilizowatenganisha siku ile zilikuwa mbili tu, na mtu anayeuliza ni nini kilichotanua pengo hilo anapaswa kuangalia idadi ya mechi ngumu ambazo kila mmoja aliweza kuzicheza bila kulazimika kwanza kutafuta viza na mfadhili wa nauli.

Orodha ya viwango ya Chama cha Tenisi cha Wanawake duniani, WTA, huhesabu pointi ambazo mchezaji amezipata mashindanoni katika majuma 52 yaliyopita. Juma la 53 likifika, pointi za kale hudondoka kama majani makavu, na aliyeumia goti au aliyekosa tiketi ya ndege hushuka hata kama hajashindwa na mtu yeyote uwanjani. Bingwa wa Grand Slam hupata pointi 2,000. Ngazi ya chini kabisa ni mashindano yaitwayo W15, yenye jumla ya zawadi ya dola 15,000, na mshindi wake hupata pointi 15. Fedha hizo hugawanywa kwa wachezaji wote, kiasi kwamba bingwa mwenyewe huondoka na zaidi kidogo ya dola 2,000 kabla ya kodi, naye aliyetolewa raundi ya kwanza hupata chini ya dola 200 bila pointi hata moja. Kwa dola 200 humlipi kocha, na ukimaliza kulipa chumba cha usiku tatu na nyuzi mpya za raketi, umeshaingia katika deni. Tunajivunia, na ni haki, kwamba tangu mwaka 1973 US Open imewalipa wanawake sawa na wanaume, na kwamba Wimbledon ilifuata mwaka 2007. Lakini usawa huo wa kileleni haujamfikia anayepanda akiwa bado bondeni.

Mimi nilifundisha michezo kwa miaka 22 katika shule ya wasichana mjini humu. Shule ilikuwa na uwanja mmoja wa tenisi wa saruji, uliojengwa zamani na watu ambao hatuwajui, wenye ufa uliokatiza kona moja na majani yaliyoota ndani yake kila masika. Wavu ulipochakaa, mzazi mmoja mvuvi wa Dunga aliushona kwa uzi wa nyavu za samaki, kazi nadhifu kuliko ile ya kiwandani, ila mpira ukiugonga ulitoa harufu ya omena. Baadaye shule ikanunua basi. Basi lilihitaji mahali pa kulala, na uwanja wa tenisi ndio pekee uliokuwa na sakafu ngumu na uzio. Nilipinga kikaoni nikaulizwa ni wasichana wangapi wanaocheza tenisi na ni wangapi wanaopanda basi. Sikuwa na jibu. Hadi nilipostaafu, doa la oili lilikuwa palepale kwenye mstari wa kuanzishia mpira, jeusi, pana kama sinia.

Mmoja wa wasichana hao alikuwa na kipaji cha kweli. Nilisafiri naye Nairobi mara moja kwa mashindano ya chipukizi, tukapanda basi la saa tatu usiku, tukashuka alfajiri, tukanawa uso chooni mwa kituo, na saa tatu asubuhi akaingia uwanjani dhidi ya msichana aliyelala kitandani kwake na kuletwa na mama yake kwa gari. Alishindwa 6-0, 6-1. Katika seti ya pili uzi wa raketi yake ulikatika, na kwa kuwa hakuwa na nyingine aliomba ya mpinzani, ambaye kwa wema alimpa. Mchana tulikuwa njiani kurudi. Tulipofika Kericho aliniuliza, "Mwalimu, kwani pointi zinauzwa Nairobi tu?" Nilicheka kwa kuwa sikujua la kumwambia, na swali lile ndilo lililonifanya nianze kufuatilia jinsi mchezo huu unavyoendeshwa kwingineko.

Nilichokiona ni kwamba wenzetu wa kaskazini mwa bara hili walikwisha kulijibu. Mji wa Monastir nchini Tunisia, na Sharm El Sheikh nchini Misri, huandaa mashindano ya ngazi ya chini juma baada ya juma, karibu mwaka mzima, katika hoteli za watalii. Wachezaji wa Ulaya hupanda ndege kuyafuata, huku msichana wa Tunisia akienda kwa teksi. Ons Jabeur, mchezaji wa Tunisia, alikulia pwani hiyohiyo ya Monastir, na utotoni klabu yake haikuwa hata na viwanja vyake. Watoto walifanyia mazoezi katika viwanja vya hoteli. Mwaka 2011 alikuwa bingwa wa chipukizi wa French Open, jijini Paris. Taji lake la kwanza la WTA alilipata Birmingham mwezi Juni 2021. Naomba msomaji atulie kidogo hapo kwenye miaka hiyo 10, kwa sababu humo ndimo ulimo mchezo wenyewe: miaka 10 ya kufungasha begi, ya kucheza mechi za kufuzu, ya kupanda ngazi tano na kushuka tatu, huku watu wa kwao, bila shaka, wakiulizana yule bingwa wa Paris aliishia wapi. Mwaka uliofuata alifika nafasi ya 2 duniani na kucheza fainali za Wimbledon na US Open, kisha akafika tena fainali ya Wimbledon mwaka 2023. Alishindwa zote tatu. Kuna wanaomkumbuka kwa hilo pekee, na mimi huwaona kama watu wanaomlaumu aliyepanda Mlima Kenya kwa kutogusa mbingu.

Mayar Sherif wa Misri naye alipitia chuo kikuu Marekani kabla ya kuwa mwanamke wa kwanza wa nchi yake kushinda taji la WTA, huko Parma mwaka 2022. Kwa hiyo wale wanaonung'unika kwamba Okutoyi amekimbilia masomo wafahamu kwamba chuo humpa kocha, chakula, daktari na mechi za kila juma bila deni. Ni njia ya busara. Ninachouliza ni kwa nini ndiyo njia pekee tuliyomwachia, na kwa nini mwenzake wa Kisumu, Nakuru au Kakamega hana hata mlango wa kuifikia.

Sasa ombi langu, ambalo nalielekeza kwa serikali zetu za kaunti kupitia ukurasa wako: ziandae mashindano ya W15 hapa kwetu. Kitita kizima cha zawadi cha mashindano ya W15, kwa bei ya dola ya hivi karibuni, hakifiki shilingi milioni 2. Ukiongeza waamuzi, mipira, malazi ya maafisa na ukarabati wa viwanja, gharama hupanda, lakini bado ni jambo dogo ukilinganisha na fedha zilizoingia katika uwanja wa michezo wa Mamboleo hapa Kisumu au ule wa Bukhungu kule Kakamega, ambazo siziombei kurudi. Mashindano mawili yakifuatana, juma kwa juma katika mji uleule, humfanya mchezaji wa kigeni aone safari ina faida, na huwapa mabinti wetu kadi kadhaa za mwaliko, za kuingia bila kufuzu, ambazo mwandalizi ana haki ya kuzigawa kwa wenyeji. Nairobi imewahi kuandaa mashindano ya aina hiyo na haikufilisika.

Kisumu ina uwanja wa ndege wa kimataifa na hoteli za kutosha. Tena ina jambo ambalo wengi hawalijui. Kanuni za tenisi huruhusu aina maalumu ya mipira mahali palipo juu ya mita 1,219 kutoka usawa wa bahari, kwa sababu hewa nyepesi huufanya mpira wa kawaida upae kama ndege aliyeachiwa. Nakuru, kwa mita zake zinazokaribia 1,850, imo katika kundi hilo. Kisumu, kwa takriban mita 1,130, haimo. Binti anayefunzwa kando ya ziwa hujifunza kwa mpira uleule atakaoukuta Tunisia au Uingereza. Ndugu zangu wa Nakuru watanisamehe. Wao wana baridi nzuri ya kukimbilia, na mashindano yao yatafaa kuwa ya pili.

Kuna pia suala la viwanja vilivyopo. Miji ya Kisumu, Nakuru na Kakamega ina klabu za tangu enzi za ukoloni zenye viwanja vizuri ambavyo, kuanzia Jumatatu hadi Alhamisi asubuhi, hulala bila mtu isipokuwa mtunza bustani. Katika klabu moja ambayo sitaitaja niliwahi kuambiwa kwamba msichana wangu angeruhusiwa kuingia kama muokota mipira, si kama mchezaji, kwa kuwa babake si mwanachama. Aliokota mipira msimu mzima, na kwa kuwatazama wanachama akajifunza jinsi ya kupiga mpira kwa mkono wa nyuma vizuri kuliko nilivyoweza kumfundisha mimi. Sidai klabu ziwe za bure. Kaunti inaweza kukodi saa mbili za asubuhi, mara tatu kwa juma, wakati wanachama wako kazini, na shule zikapangiwa zamu.

Kuhusu hali ya hewa, ambayo ndiyo hoja niliyojibiwa nilipolileta jambo hili kwa afisa mmoja, mvua ya Kisumu aghalabu hunyesha alasiri na jioni. Mechi zikianza saa mbili asubuhi, raundi nzima inaweza kumalizika kabla ya mawingu kukusanyika upande wa milima ya Nandi. Nyavu zikichakaa, mvuvi wangu wa Dunga bado yupo, na bei yake naijua.

Mwalimu mstaafu,
Kisumu.