Madaktari, RTA haitoshi kwenye faili

Mhariri,

Faili nyingi za majeruhi zinazofika kwenye madawati yetu ya rekodi zinaeleza ajali kwa herufi tatu tu: RTA, yaani "road traffic accident", ajali ya barabarani. Aliyeziandika ameshaziba damu, ameshaita mashine ya eksirei, na foleni ya kasualti bado inamsubiri, kwa hiyo hatumlaumu. Ila sisi tunaogeuza maandishi yake kuwa misimbo ya ICD-10, orodha ya Shirika la Afya Duniani inayopa kila ugonjwa, jeraha na chanzo chake herufi na tarakimu, haturuhusiwi kukisia. RTA peke yake inatupeleka V89.2, yaani mtu aliyeumia katika ajali ya barabarani ya gari lisilotajwa. Hapo huwezi tena kujua kama alikuwa amebebwa na boda Thika Road au alikuwa akivuka Mombasa Road kwa miguu. (Tunasema msimbo makusudi, si kodi ya kuiga "code" ya Kiingereza. Kodi tumwachie mwenye nyumba.)

Kila majeruhi anahitaji misimbo ya aina mbili: wa jeraha, unaoanza na S au T, na wa kilichomjeruhi, ambao kwa ajali za barabarani unaanza na V. Huu wa pili ndio unaopuuzwa, ilhali mpango wake ni mwepesi. Tarakimu ya kwanza humtaja mwathiriwa: 0 ni mtembea kwa miguu, 1 mwendesha baiskeli, 2 aliye kwenye pikipiki, 3 tuktuk, 4 gari dogo, 5 pikapu au vani, 6 lori, 7 basi. Ya pili hutaja alichogongana nacho: 2 ni pikipiki au tuktuk, 3 gari dogo, pikapu au vani, 4 lori au basi, 7 kitu kisichosogea kama nguzo ya stima, na 8 ni pale ambapo hakukuwa na mgongano, kwa mfano gari limepinduka lenyewe. Kwa hiyo abiria wa boda aliyegongwa na gari dogo kama Probox barabarani ni V23.5, na mwendeshaji wake ni V23.4. Mtembea kwa miguu aliyegongwa na lori au basi ni V04.1.

Mtego uko baada ya nukta, na hata wazoefu hunaswa. Kwenye pikipiki, .4 ni mwendeshaji aliyeumia barabarani. Kwenye magari na mabasi, .4 ni mtu aliyekuwa akipanda au kushuka, dereva ni .5, abiria .6, na aliyening'inia nje ni .7. Karani aliyekesha na faili za boda akiandika V74.4 kwa dereva wa basi, tayari amemtoa kwenye usukani na kumweka mlangoni. Na mlango wa matatu una habari zake: makanga aliyening'inia akaanguka gari likienda ni V78.7, bali mama aliyeanguka akishuka stejini kwa sababu dereva aling'oa gari mapema ni V78.4. Kwa anayepanga usalama wa steji, hizo ni ajali mbili tofauti kabisa.

Je, matatu yenyewe iwekwe wapi? ICD-10 inasema basi ni gari lililoundwa au kurekebishwa hasa kubeba zaidi ya watu 10 na linalohitaji leseni maalumu ya udereva. Kwa maoni yetu matatu ya abiria 14 inaingia hapo, hata kama umbo lake ni la vani. Kibaya zaidi ni dawati moja kuandika 5 na jirani yake kuandika 7. Kila hospitali iamue, iandike uamuzi huo na kuubandika ukutani.

Kwenye majeraha, neno moja lililokosekana hubadilisha kila kitu. Mvunjiko wa muundi ni S82.2, na tarakimu ya tano husema kama ngozi ilipasuka: 0 haikupasuka, 1 ilipasuka. Daktari asipotaja, kanuni inatuamuru tuhesabu kuwa haikupasuka. Basi mtu ambaye mfupa ulitokeza nje, akasafishwa kidonda thieta na kufungwa vyuma vya nje, anakuwa kwenye karatasi na mvunjiko wa kawaida, na bima ina haki ya kuuliza bili kubwa hivyo ni ya nini. Vilevile "head injury" bila zaidi ni S09.9, jeraha la kichwa lisiloelezwa. Kama ni mtikisiko wa ubongo andika hivyo, tupate S06.0. Kama picha ya CT imeonyesha damu chini ya utando wa nje wa ubongo, andika, tupate S06.5. Na "multiple injuries" hutuangusha T07, majeraha mengi yasiyoelezwa. Tunaomba kila jeraha litajwe kwa jina.

Wanafunzi wetu nao wajihadhari na masomo ya mtandaoni. Mengi hufundisha toleo la Marekani, lenye kulia na kushoto na herufi ya saba, kama S82.201A. Toleo la Shirika la Afya Duniani halina msimbo huo.

Kosa jingine hutokea mwaka mmoja baadaye. Mgonjwa anarudi kutolewa chuma, karani anaona jina la mfupa na kuandika S82.2 tena, na ajali moja inahesabiwa mara mbili. Kutoa chuma ni Z47.0. Mfupa uliokataa kuunga ni M84.1. Ulemavu uliobaki baada ya mguu kuvunjika hupata T93 pamoja na Y85.0, inayoonyesha kwamba chanzo ni ajali ya gari ya zamani.

Kwenye vifo uzito ni mkubwa zaidi. Fomu ya D1, ya kusajili kifo, ikiandikwa "cardiac arrest" peke yake, ajali imefutika, maana moyo wa kila marehemu umesimama. Mstari wa kwanza uwe kilichomwua moja kwa moja, tuseme damu iliyovilia kichwani. Mstari wa chini kabisa uwe chanzo: alikuwa akivuka barabara, akagongwa na basi. Takwimu za vifo huchukua huo wa chini.

Ombi letu ni dogo. Kasualti ichongeshe mhuri wa mpira wenye mistari minne: alikuwa nani (dereva, abiria, mtembea kwa miguu, anapanda au kushuka), alikuwa kwenye chombo gani, kiligongana na nini, ni barabarani au mahali pengine, kama uwanja wa kuegesha. Upigwe kwenye ukurasa wa kwanza na kujazwa na yeyote anayempokea mgonjwa, hata nesi wa triaji anayepanga nani atibiwe kwanza. Majeruhi akiletwa amezirai, aulizwe msamaria mwema aliyemleta au wahudumu wa ambulensi, na aulizwe kabla hajaondoka, kwa sababu saa mbili baadaye hapatikani na sisi tunabaki na V89.2.

Maafisa wa rekodi za afya,
Nairobi