Mtalii wa Kitulo alale Matamba jamani

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi kidogo niongelee Kitulo, hifadhi ya taifa ya maua huku kwetu Makete, maana huu msimu wa maua wa Desemba mpaka Aprili watu wanapanda zile kona 57 za Chimala kwenda kupiga picha na kila anayeshuka anaimba Bustani ya Mungu, na kweli ni pazuri halina ubishi, ila sisi tunaoishi huku tunasikia na ya upande wa pili.

Mgeni akikuta kishimo kwenye nyasi na shina la okidi, moja ya maua ya huku, limetupwa pembeni limenyauka, anakasirika, anasema wanakijiji hawajui thamani ya walichonacho. Sio kweli, wanaijua sana! Vile viazi vya okidi, yaani mizizi yake minene ya chini, vina soko, vinavuka Tunduma kwenda Zambia, huko wanachanganya na karanga wanapika chikanda, na biashara hiyo ilikuwepo hata kabla hifadhi haijatangazwa 2005. Anayechimba anapata hela ya sabuni na madaftari ya watoto. Sasa huyo mtalii yeye kaacha nini? Katoka Mbeya alfajiri na gari, chakula kiko kwenye hotpoti, kiingilio kalipa, jioni huyoo kashuka. Mama anayeuza chai Matamba anaambulia vumbi.

Sitetei uchimbaji, naomba nieleweke. Kiazi kiking'olewa ua ndo basi tena, na Kitulo ina aina 45 za okidi, zingine huzikuti popote duniani. Ila askari peke yao hawatoshi, eneo ni zaidi ya kilomita za mraba 400 na ukungu wa huku unaujua mwenyewe.

Wanaosimamia utalii wawape vijana wa vijiji vya jirani mafunzo ya kuongoza wageni, yule anayejua okidi ipi inachanua bonde gani na mwezi gani ndo atembee na mgeni, alipwe yeye. Kinachotengwa kwa ajili ya vijiji kibandikwe ukutani ofisi ya kijiji, kiasi gani na kimefanya nini, watu wasome wenyewe badala ya kuhadithiwa kwenye mikutano.

Na wewe unayekuja, lala Matamba hata usiku mmoja, kula viazi mviringo vya hapa, nunua maziwa. Baridi ni kali kweli ila mablanketi yapo.

Mkazi wa Matamba,
Makete