Benki yangu imeniletea mashine ya mwaka 1966

Mhariri,

Nalisoma gazeti lenu tangu enzi zile tunachangia na jirani kulinunua, na sijawahi kuwaandikia hata siku mlipokosea jina kwenye tangazo la msiba wa mtaani kwetu. Ila ile habari yenu ya juzi ya mashine zinazochati imenikaa kooni. Eti binadamu kupiga stori na kompyuta kumeanza 2022! Sasa mimi ile niliyokuwa nachati nayo 1993 ilikuwa nini, jini?

Mwandishi wenu angeuliza hata wazee wangemwambia habari za Eliza, programu ya kompyuta ya kupiga stori. Aliitengeneza Joseph Weizenbaum kule chuo cha MIT, Marekani, kati ya 1964 na 1966, mzaliwa wa Berlin, familia yao iliwakimbia Wanazi mwaka 1936. Kompyuta yenyewe ni IBM 7094, lidude la kujaza chumba, wewe unaandika kwenye kitu kama taipureta na jibu linajichapa hapohapo. Ilikuwa inajifanya daktari wa akili, wale ambao ukisema neno anakurudishia swali. Na haikuwa inaelewa kitu jamani, inawinda neno moja inalolijua, tuseme "mama", inageuza "yangu" inakuwa "yako", inakutupia. Isipoambulia neno inakuambia tafadhali endelea. Basi, hiyo ndiyo siri yote. Lakini sekretari wa Weizenbaum mwenyewe, ambaye miezi yote alikuwa anaona inavyoundwa, alipokaa kuijaribu haikuchukua muda akamwomba bosi wake atoke chumbani, awaachie nafasi. Yule mzee alishtuka mpaka 1976 akatoa kitabu kizima kuwaonya watu. Na 1972 kuna ingine ikaja, PARRY, ya daktari Kenneth Colby wa chuo cha Stanford, hiyo inajifanya mgonjwa anayemshuku kila mtu, ikaunganishwa na Eliza kwenye mtandao, daktari feki anamuhoji mgonjwa feki. Hayo yote mwandishi wenu kayaruka.

Mimi nilipata fotokopi ya Eliza iliyoandikwa kwa BASIC, lugha ya kuandikia programu, ile iliyotoka kwenye jarida la Creative Computing mwaka 1977, nikaamua niifanye iongee Kiswahili. Hapo ndo nikajua lugha yetu si mchezo. Kizungu "mimi" inakaa peke yake, unaibadilisha unaweka "wewe" umemaliza, sisi "mimi" yetu imegandana na kitenzi. Nikaiambia kompyuta neno likianza na "ni" kata weka "u". Nimechoka, umechoka, safi kabisa. Ukiandika "nini" inasema "uni". Ukiiambia nisamehe inakujibu usamehe. Nigeria ikawa Ugeria! Ofisi nzima ilicheka siku hiyo, mpaka akaja mama mmoja wa masjala, akakaa, akaandika kwa kidole kimoja "nimefiwa na mama yangu". Ikamjibu "Kwa nini umefiwa na mama yako?" Nikasema hapa nimeua. Nikanyoosha mkono nizime, akanishika mkono. Akaanza kuijibu. Aliandika mpaka chai ikapoa, na mimi nikatoka nje bila kuambiwa.

Sasa ndo nije kwenye kilichoniudhi hasa, maana mngeandika tu kwamba ni mpya mimi ningenyamaza kama kawaida yangu. Mwezi uliopita nilitaka kufunga akaunti ya marehemu kaka yangu, jina la benki silitaji, mimi ndiye msimamizi wa mirathi, karatasi za mahakama ninazo, cheti cha kifo ninacho. Wakaniambia siku hizi mzee anza kwenye simu, kuna msaidizi wa kidijitali, wameipa na jina la kisichana. Nikaandika "nataka kufunga akaunti ya marehemu kaka yangu". Ikaniambia hongera kwa uamuzi wa kufungua akaunti nasi! Kufunga na kufungua kwake ni kitu kimoja. Nikaandika sio kufungua, mwenye akaunti amefariki. Samahani, sijakuelewa. Nikaandika kaka yangu amefariki. Ikaniambia, na hii nimeipiga picha ninayo, "kaka yako anaweza kufungua akaunti kwa kutumia namba ya kitambulisho cha taifa". Yangu, yako! Mhariri nilikaa kitako. Hiyo ni Eliza, ileile ya Weizenbaum, imevalishwa nguo mpya ikapewa picha ya binti anayetabasamu, tofauti ni kwamba ile ya mwaka 1966 ikizidiwa ilikuwa na adabu ya kusema endelea, hii inasema haijaelewa halafu inakurudisha mwanzo, mara nne nimerudishwa mwanzo, bando linakatika, na mwisho wa yote ikaniomba niipe nyota kuanzia moja mpaka tano. Halafu mnatuandikia kwamba hii ndiyo akili ya kisasa.

Nikaenda tawini. Madirisha sita, matano yamewekwa kibao dirisha limefungwa, la sita yupo dada mmoja anahudumia foleni iliyofika mlangoni kwenye jua. Na hilo la viti nalo siku moja mliandike, viti vinne kwa watu arobaini, wazee tunaegemea ukuta. Yule dada lakini, nilipofika kwake akasoma cheti, akasema "pole sana baba", akagonga muhuri. Dakika saba.

Mimi ushauri wangu ni mdogo. Hiyo mashine ikisema sijakuelewa mara ya tatu, simu ya mezani kwa meneja wa tawi iite, mezani kwake mwenyewe sio kwa msaidizi wake, na iite kwa mlio wa jogoo ili wateja wote wasikie. Ikishindikana basi waiandikie tu "tafadhali endelea", angalau mtu amalize kusema shida yake.

Na mwandishi wenu akija Tanga anitafute. Disketi ya Eliza yangu bado ninayo kwenye kopo la biskuti, ila aje na kitu cha kuichomeka, mimi sina.

Fundi kompyuta mstaafu,
Tanga