Stata ipimwe kabla haijafunguliwa

Mhariri,

Naomba nafasi nijibu ushauri uliotoka kwenye ukurasa wenu wa magari, kwamba dereva akigeuza ufunguo akasikia "tak" moja kisha kimya, ajue stata, ile mota ya umeme inayozungusha injini hadi iwake, imekufa na akatafute nyingine. Nimeusoma mara mbili kuhakikisha sikukosea. Mimi ni fundi umeme wa magari, huu ni mwaka wa 27 niko kwenye kazi hii, na ushauri ule umeniuma kwa sababu namjua atakayeulipia. Ni mwenye gari, ambaye hana mita ya kupimia umeme wala hajui pa kuishika, na ambaye akiambiwa na gazeti na akaambiwa na fundi, atatoa pesa.

Hiyo "tak" haisemi kwamba stata imekufa. Inasema jambo moja tu: umeme mdogo unaotoka kwenye swichi ya ufunguo umefika kwenye solenoidi, na solenoidi imevuta. Solenoidi ni ile silinda ndogo iliyopanda mgongoni mwa stata. Ndani yake kuna chuma kinachovutwa, na chuma hicho hufanya kazi mbili kwa mpigo mmoja. Kwanza husukuma gia ndogo ikashikane na meno ya flaiwili, lile gurudumu zito linalozunguka na injini. Pili hugandamiza kisahani cha shaba kwenye vituo viwili, ili umeme mkubwa wa betri upite kwenda kwenye mota. Mlio unaousikia ni wa chuma hicho kufika mwisho wa safari yake. Kama baada ya hapo injini haikuzunguka, mwenye kosa anaweza kuwa betri, au temino, yaani klipu za nguzo zake, au waya mnene, au waya wa athi unaorudisha umeme kwenye betri, au shaba za solenoidi, au kaboni, vile vipande vinavyoingiza umeme kwenye sehemu ya mota inayozunguka, au mota yenyewe. Hata injini iliyokwama hutoa mlio ule ule. Gazeti limemhukumu mmoja bila kuwasikiliza wengine.

Nitasimulia kisa kimoja, maana ndicho kilichonifanya nishike kalamu.

Aliniletea gari mama mmoja, mwalimu mstaafu. Lilivutwa kwa kamba hadi mlangoni kwangu. Kabla sijafungua boneti, yeye alifungua buti akanionyesha stata mbili zimefungwa kwenye kitambaa. "Mwanangu, hizi zote niliambiwa zimekufa. Iliyomo ndani ni ya tatu, na yenyewe haina mwezi."

Nilimwomba akae kwenye usukani ageuze ufunguo. Tak. Kimya. Nikamwambia, mwalimu, geuza tena, na safari hii tazama taa ya ndani ya gari, uniambie inafanya nini. Akasema haijabadilika, inawaka vile vile. Hapo moyo wangu ulianza kutulia, kwa sababu taa ile ni shahidi mzuri kuliko watu wanavyodhani. Ikififia hadi karibu izimike, maana yake betri haina nguvu, au temino imelegea, au kuna kitu kinakula umeme mwingi bila kuzunguka, kama mota iliyokwama. Ikibaki kali wakati stata imegoma, maana yake umeme mkubwa haupiti. Njia imekatika au imebana mahali fulani. Betri ya gari lile haikuwa na shida, na wala mota haikuwa imefikiwa na umeme wa kutosha kuonyesha kama ni mbovu au nzima.

Nikaweka mita kwenye nguzo za betri. Gari likiwa limelala ilisoma volti 12.6, yaani betri imejaa. Ufunguo ukiwa umegeuzwa ikashuka hadi 11.4 tu. Stata inayovuta kweli huishusha zaidi ya hapo, kwa sababu inakula ampea mia na zaidi kwa mpigo. Isiposhuka chini ya 9.6 hivi, betri inafanya kazi yake. Basi nikahamisha mguu mmoja wa mita: mweusi ukabaki kwenye nguzo hasi ya betri, nguzo yenyewe na si klipu yake, na mwekundu nikaugusisha kwenye chuma kitupu cha injini. Nikamwomba mwalimu ageuze. Mita ikasoma volti 3.8.

Nieleze kidogo namba hiyo, maana ndiyo kiini cha barua hii. Kati ya nguzo hasi na chuma cha injini, stata ikiwa inavuta, mita inatakiwa kusoma karibu na sifuri. Mimi hukubali hadi 0.2, nikivumilia sana 0.3. Kila volti inayoonekana pale ni volti iliyopotea njiani kabla ya kumaliza mzunguko wake. Gari lile lilikuwa linapoteza karibu volti nne kwenye kurudi tu. Hata ungelifunga stata mpya kumi, zote zingesema tak.

Betri ya gari hilo imefungwa athi kwenye bodi, na waya mwingine mfupi unatoka kwenye bodi kwenda kwenye injini. Injini imekalia mipira, kwa hiyo bila waya huo haina njia nzuri ya kuungana na betri. Nilipoufuata kwa mkono chini ya kisanduku cha filta ya hewa nikaukuta. Ukiutazama tu, ungesema ni mzima. Nilipoupinda karibu na kichwa chake, ganda la plastiki likapasuka, na ndani ukatoka unga wa kijani. Nyuzi za shaba zilizokuwa bado zimeshika zilihesabika kwa vidole. Kingine kilichonithibitishia ni kebo ya gia. Niliigusa baada ya kujaribu mara tatu nne nikaondoa mkono haraka, ilikuwa ya moto. Umeme wa stata ulipokosa njia yake ulijitafutia nyingine kupitia kebo ile nyembamba. Fundi mwenzangu, ukikuta kebo ya klachi, ya gia au ya mafuta imepata moto au ganda lake limeyeyuka bila sababu, tafuta athi ya injini kabla ya kitu kingine chochote.

Kabla ya kubadilisha waya nilichukua ile nyaya ya kuchajia kutoka gari hadi gari, upande mmoja nikaubana kwenye nguzo hasi, upande wa pili kwenye chuma cha injini mbali na mkanda unaozungushwa na injini. Mwalimu akageuza ufunguo na gari likawaka hata kabla hajauachia vizuri. Jaribio hilo halihitaji mita, na dereva yeyote mwenye nyaya hizo anaweza kulifanya mwenyewe. Ndilo ambalo ningependa ukurasa wenu ungeliandika badala ya ule ushauri.

Mtu atauliza, mbona kila stata mpya ilipofungwa gari lilikubali kwa siku kadhaa? Kwa sababu kuifikia stata ya gari lile lazima utoe kile kisanduku cha filta na kuusogeza ule waya. Ukiutikisa, nyuzi zinakutana, athi inarudi. Fundi aliyetangulia aliona gari limewaka akaamini stata. Simsemi vibaya. Aliona alichokiona, ila hakupima.

Sasa, sisemi kwamba stata hazifi. Zinakufa, na nimezika nyingi. Lakini kila ugonjwa una sauti yake, na msomaji akijifunza kuzisikiliza atamweleza fundi jambo la maana badala ya kusema "halitaki kuwaka". Milio mingi ya haraka haraka, taktaktaktak, mara nyingi ni betri dhaifu au temino chafu: solenoidi inavuta, mota inaanza kula, volti zinaanguka, solenoidi inaachia, volti zinapanda, inavuta tena. Kimya kabisa, hata tak hakuna, usiiguse stata bado. Angalia fyuzi, rilei (swichi inayowashwa na umeme), swichi ya ufunguo, na kama ni gari la otomatiki jaribu kuliwasha likiwa kwenye nyutro, kwa sababu swichi ya usalama ya gia ikichoka hukata umeme ule mdogo. Ukisikia mota inalia kwa kasi kama feni lakini injini haizunguki, gia ndogo haishiki, au klachi yake ya ndani inateleza. Na ukisikia kwaruu ya chuma kwa chuma, acha mara moja. Ni meno.

Kuhusu meno kuna jambo ambalo hata mafundi husahau. Injini ya silinda nne ikizimwa haisimami popote tu, hupenda kusimama kwenye sehemu mbili zile zile. Kwa hiyo stata hung'ata flaiwili mahali pale pale mwaka hadi mwaka, na meno ya pale huisha wakati mengine bado ni mazima. Gari litakwaruza leo, kesho litawaka vizuri. Ukizima swichi, ukaingiza gia ya juu na kulisukuma kidogo injini isogee, kisha ukarudisha nyutro na kujaribu tena likakubali, tatizo liko kwenye flaiwili, na stata mpya itaharibiwa na meno hayo hayo.

Kaboni nazo zina tabia yake. Zikifupika, springi haizisukumi tena vizuri kwenye komuteta, ile shaba ya mviringo inayozunguka ndani ya mota, na stata inakuwa na siku za kukubali na siku za kukataa. Hapo ndipo watu hugonga kwa nyundo ikawaka. Kugonga kunatikisa kaboni ikagusa, basi. Ni ushahidi mzuri kwamba stata ndiyo yenye kosa, mradi umehakikisha hukutikisa waya wowote, lakini si tiba. Tena gonga kwa upole, kwa sababu stata nyingi za siku hizi zina sumaku za kudumu zilizobandikwa ndani, na pigo kali huzipasua.

Ipo pia stata inayogoma injini ikiwa ya moto tu. Imekaa karibu na bomba la moshi, joto linaongeza ukinzani kwenye koili na solenoidi inakosa nguvu. Gari kama hilo ukilipeleka kwa fundi asubuhi limelala, atakwambia ni zima, na hatakudanganya. Lipelekwe likiwa la moto, lipimwe likiwa linagoma. Na nisisitize hapa, kuizungusha stata mezani bila mzigo hakutoshi. Nimeona stata zinazolia vizuri mezani na zinashindwa kabisa kugeuza injini.

Kuna upimaji mmoja zaidi ambao naufanya kabla sijaamua. Mguu mwekundu kwenye nguzo chanya ya betri, mweusi kwenye nati ya waya mnene pale kwenye solenoidi, ufunguo ugeuzwe. Ikizidi 0.5, waya au kiungio ni kibovu. Ikiwa sawa, nauhamisha mguu mweusi hadi nati ya pili, ule upande unaoingia kwenye mota. Namba ikiruka ghafla, shaba za ndani ya solenoidi zimeungua, na kwenye stata nyingi zinabadilishwa zenyewe bila kununua kitu kizima. Ikiwa njia zote mbili ni safi, betri imeshiba, na bado mota imelala, hapo ndipo nasema stata. Kazi yote hiyo haichukui robo saa. Stata ya umeme iliingia sokoni kwenye Cadillac mwaka 1912, ikiwa ni kazi ya Charles Kettering, na hadi leo bado ni betri, njia ya kwenda, mota na njia ya kurudi. Hakuna cha kubahatisha.

Nawasihi pia mwondoe ile picha ya ukurasa wenu, ya bisibisi ikigusanisha nati mbili za solenoidi ili stata izunguke bila ufunguo. Gari likiwa kwenye gia litaruka, na aliyeinama mbele yake ndiye litakayempanda. Wakati wa kufungua stata, athi ya betri itolewe kwanza, maana ule waya mnene kwenye magari mengi hauna fyuzi na una umeme hata ufunguo ukiwa mfukoni. Na kama stata ina mafuta ya injini mwilini, tafuteni yanapovujia kabla ya kufunga nyingine.

Nilimfungia mwalimu waya mpya wa athi, nikakwangua bodi kwa msasa hadi chuma kikang'aa, nikapima tena. Volti 0.1. Kisha nikazifungua zile stata mbili mbele yake. Kaboni zilikuwa ndefu, shaba za solenoidi hazina hata doa la kuungua. Alizitazama kwa muda, akauliza kama zinaweza kumfaa mtu mwingine. Moja niliifunga mwezi uliofuata kwenye gari la aina ile ile, ambalo stata yake ilikuwa imekufa kweli. Inafanya kazi hadi leo.

Fundi umeme wa magari,
msomaji wenu wa siku nyingi