Kodingi ianze na mwalimu, tableti zitafuata

Mhariri,

Naomba nafasi kidogo kwa ukurasa wenu wa barua. Mjadala wa kodingi mashuleni, yaani kufunza watoto kuandika programu za kompyuta, naona umekuwa wa vifaa tu, nani ana tableti nani hana, stima iko ama haiko. Sikatai, vifaa vinahitajika. Lakini tangu KICD, ile taasisi ya mitaala, ipitishe silabasi ya kodingi mwaka wa 2022 ni wachache sana nasikia wakiuliza huyu mtoto atafunzwa na nani, na huyo mwalimu ataanzia wapi.

Mimi nilianzishwa na milima ya Ngong. Mwalimu wetu wa hesabu alitutoa nje ukungu ukishaisha, na ukiwa huku Lang'ata Ngong unaiona yote imejipanga, akatuambia tuangalie vile ule mstari wa juu unapanda na kushuka, halafu akauliza, sasa mtu ambaye hajawahi kuiona mtamwelekezaje aichore? Tukabishana weee mpaka tukakubaliana: geuka kushoto nyuzi 60, enda hatua 100, geuka kulia nyuzi 120, enda 100 tena, geuka kushoto 60 ukae sawa. Hicho ni kilima kimoja. Tuliporudi darasani akayaandika maneno yetu hayo hayo kwa Python, lugha ya kuandikia programu, na ule mshale mdogo kwa skrini ukatembea ukachora kilima, akaongeza mstari mmoja wa "for" hapo juu, unaoiambia kompyuta irudie, vikawa safu nzima. Msichana mmoja akasema lakini Ngong si hivyo mwalimu, vilima havitoshani. Mwalimu alifurahi sana kusikia hivyo, maana sasa ile 100 ilibidi tuibadilishe kila kilima, na somo la wiki iliyofuata likawa limejileta lenyewe.

Leo kazini naandika JavaScript, lugha nyingine ya programu, karibu kila siku na naiheshimu, lakini Python ndiyo napenda. Guido van Rossum aliitoa 1991, na lile wazo la kuchora kwa kutembeza "kobe", yaani ule mshale mdogo, limetoka Logo ya 1967, lugha ambayo Seymour Papert, mzaliwa wa Afrika Kusini, aliitengeneza na wenzake ili watoto wajifunze hesabu kwa kufanya. Yaani Logo ilifikiriwa kwa ajili ya watoto tangu mwanzo! Na Python inakulazimisha upange mistari yako vizuri, ukisogeza vibaya haifanyi kazi, kwa hivyo hata programu ya mtoto wa darasa la sita unaisoma ukaelewa alikuwa anafikiria nini.

Mwalimu Peter Tabichi wa Keriko, kule Nakuru, alishinda tuzo ya mwalimu bora duniani mwaka wa 2019 na shule yake ilikuwa na kompyuta moja. Moja! Wanaopanga bajeti za masomo wangemtembelea kwanza kabla ya kuagiza chochote.

Ombi langu kwenu Mhariri ni hili, tengeni robo ukurasa kwa wiki kwa zoezi moja la kodingi kwa Kiswahili, lianzie mahali mtoto anapajua, leo shimo la Menengai kwa duara, wiki ijayo kilele cha Mlima Kenya, na muwaachie walimu wenyewe walioko madarasani wayaandike. Wako wengi wanaoweza, na wako tayari.

Msomaji wenu,
Lang'ata, Nairobi